Macho ya Mpiga Besi

"Mbona hawaanzi?" binti alimnong'oneza fundi mitambo, pua yake imegusa kioo cha studio. Hajawahi kumsikia mama yake akiimba. Bendi ya mama na wenzake, ya muziki wa soul, ilivunjika yeye akiwa tumboni.

"Hawa hawahesabu moja, mbili. Mpiga besi akifumba macho, wote wanaingia."

Lakini mpiga besi alikuwa ameyakodoa, anamtazama mama. Miaka ishirini hawajasemezana. Wakishindwa kurekodi leo, albamu hakuna.

"Bado umeninunia, dada?" mzee huyo wa besi akauliza.

"Wewe bado unachelewa mazoezi?"

"Leo nimewahi kuliko nyinyi wote."

"Miaka ishirini, halafu anasema amewahi!" mama akawageukia wenzake.

Mpiga dramu akaangua kicheko. Mama akabana midomo asicheke, akashindwa.

Vidole vinene vikatua taratibu kwenye nyuzi. Mzee akafumba macho.