Hamu ya Mchicha

Siku hizo mboga zote zilitoka nje ya nchi, na kila nyumba ilipangiwa bei na kidude cha ukutani kilichosikiliza wenyewe wanatamani nini. Watu walijifunza kutotaja mboga wanazozitamani. Mama yake Mwajabu, aliyekuwa mgonjwa kitandani, hakuzoea.

"Mwanangu, nina hamu ya mchicha wa nazi."

Mwajabu akamziba mdomo kwa kiganja, lakini alichelewa. Alipofika sokoni, kwa nyumba yao mchicha ulikuwa umeshapanda bei maradufu. Akarudi mikono mitupu.

"Nisamehe, mama, kwa kukuziba mdomo."

"Hujanikosea," mama alimjibu.

Tangu hapo, Mwajabu akimuuliza kama ana njaa, au anaumwa wapi, mama hutazama kwanza ukutani, kisha hutabasamu na kunyamaza.