Neno Alilopewa Faki

Katika filamu zake, Kahaso hakutaka waigizaji. Alitaka watu wa kweli na majina yao, na kamera hakuizima mpaka waisahau. Ndiyo maana kule Jomvu Kuu, akiwa na wasichana wenzake wa kamera, aliwakalisha mkekani mume na mkewe, wameshikana mikono, akampa mume neno moja tu la kusema.

"Mwanatatu," Faki alisema kwa sauti ya chini, "nimekuacha."

Kahaso alisisimka. Mwigizaji gani angelitamka vile?

Mwanatatu aliuchomoa mkono wake. Akavuta leso, akazifunika nywele, akaibana chini ya kidevu kana kwamba mwanamume mgeni ameingia ndani.

"Mama, hilo halimo," Kahaso alinong'ona.

"Talaka haina mzaha, mwanangu. Kwetu Waislamu ikitamkwa imepita."

Neno lile alilitunga Kahaso mwenyewe.

"Na haitenguki?"

"Akitaka, atanirejea sasa hivi. Ni kutamka tu, nanyi mu mashahidi."

Wote wakamgeukia Faki.

Faki aliinamisha uso, akaanza kuchomoa mwaa uliolegea mkekani, taratibu, kama mtu asiye na haraka.