Mlango wa Jikoni

Timu ilikuwa moja lakini milango ya jengo la klabu ilikuwa miwili. Mabwana waliocheza kriketi kwa kujifurahisha walitokea mlango mkubwa wa mbele. Waliolipwa walitokea mlango wa nyuma, kupitia jikoni, wakakutana na wenzao uwanjani. Edmund Thripp, aliyefilisika wakati wa baridi, alichukua ubao wake wa kupigia mpira akaelekea mlango mkubwa, kama alivyozoea.

Gosling, bawabu, akamzuia kwa mkono. "Siku hizi unalipwa, Thripp. Pitia jikoni." Msimu uliopita alikuwa akimwita bwana.

"Gosling, mimi unanijua."

"Nakujua. Ndiyo maana nakwambia polepole, mabwana wasisikie."

Jikoni kulinuka vitunguu. Hobday, mrusha mpira, alikuwa ameketi kwenye benchi akifunga viatu. Walikuwa wamecheza timu moja tangu ujanani, na Thripp hakuwahi kumuuliza hata habari za nyumbani. Hobday alisimama, akafungua mlango.

"Angalia kichwa," alisema. "Huku tunapita tumeinama."

Nje makofi yalikuwa yameanza, ya kuwapokea wale wa mlango mkubwa. Thripp alisimama kizingitini, ubao mkononi, shingo bado imenyooka.