Amri ya Siku Kumi na Nne

Mgeni alikataa kiti. Alisimama mlangoni, kofia mkononi, vumbi jekundu la njia ya Kihanga limemjaa hadi kwenye nyusi.

"Celestin, mdogo wangu, iondoe kesi ile," alisema. "Nimetoka Dar es Salaam kwa ajili hiyo tu."

Celestin alimtazama kwa chuki. Huyu ndiye Placidius, afisa mitihani wa chuo, mtu aliyeyakalia matokeo yake ya shahada kwa miezi kumi na minne. Wenzake wote walikwisha pata vyeti na kazi. Yeye alirudi kijijini Chonyonyo kupalilia kahawa za watu pamoja na mama yake Kampire, aliyevuka mto Kagera mwaka 1973 akiikimbia Rwanda, Celestin akiwa mchanga mgongoni.

Mwanzoni aliandika barua kwa adabu. Kisha akaliandikia baraza la chuo. Majibu yalikuwa yale yale, na sahihi ile ile ya Placidius: yanashughulikiwa, subiri. Ndipo alipokwenda Bukoba kwa wakili Rwezaura, akaelezwa kwamba matokeo si hisani. Chuo kikiyachelewesha bila sababu hupewa notisi, na notisi ikipita bila jibu, mahakama huombwa itoe amri ya kukilazimisha. Notisi ilikwisha pita. Kesi ilikuwa wiki ile.

"Kwa nini niiondoe?"

Placidius alimtupia jicho mwenyekiti wa kijiji, Byabato, aliyeketi pembeni na kibuyu chake cha pombe ya rubisi. "Twende nje tuzungumze wawili."

"Sema hapa hapa. Wakili kanikataza kuzungumza na mtu wa chuo bila shahidi."

Mgeni alifungua mdomo, akamwangalia tena mwenyekiti, akaufunga. "Basi subiri mambo yatulie. Hata miezi michache."

"Mambo gani?"

Mwenyekiti aliweka kibuyu chini.

"Unamtisha kijana wetu?" Byabato aliuliza.

Placidius alivaa kofia yake, akaiendea pikipiki. Iliwaka mara ya tatu.

"Umemwona?" Kampire alisema. "Mtu yule ana hofu."

"Anaiogopa mahakama, mama."

Na kweli mahakamani alibabaika. Mara karatasi za mtihani zilipotea, mara zimeonekana lakini alama hazijahakikiwa. Jaji alimtazama juu ya miwani, akauliza ni sheria ipi inayompa mtu mmoja mamlaka ya kufungia maisha ya mwenzake kabatini. Amri ikatoka: matokeo yatolewe ndani ya siku kumi na nne.

Rwezaura alimpa Celestin mkono wa pongezi. Placidius alibaki kwenye benchi, uso viganjani. Celestin alimpita kichwa juu, asimpe hata shikamoo.

Siku ya kumi na tatu, tarehe thelathini Machi 1994, Land Rover ya serikali ilisimama nje ya kibanja cha nyumba yao. Wakashuka wanaume wawili. Mmoja alishika bahasha ya chuo.

"Wewe ndiye Celestin? Mahakama imeagiza upewe hii."

Aliichana palepale. Daraja la kwanza. Alipiga ukelele, Kampire akapiga vigelegele hadi majirani wakatupa majembe na kuja mbio. Walimnyanyua juu. Byabato alilia machozi kabisa.

Mwenye bahasha alisubiri hadi kelele zikaisha. Akampa mkono.

"Hongera sana. Sasa kusanya nguo zako. Sisi ni watu wa uhamiaji."

Celestin alicheka, akidhani ni utani. Hakuna aliyecheka naye.

"Hati ya ukimbizi ya mama yako haikuhusu, wewe ni mtu mzima. Kibali chako cha kuishi nchini ni kile ulichoombewa na chuo, cha mwanafunzi. Kinakoma matokeo yakitoka, na sasa hakiongezwi. Kwenu Rwanda wameshatia saini mkataba wa amani. Kesho asubuhi unavuka daraja la Rusumo."

Kampire alimshika mwanawe mkono kwa mikono yake yote miwili.

"Mbona mwaka mzima hamkuja?" Celestin aliuliza.

Yule mtu alifungua jalada lililojaa barua. "Tulimwandikia afisa mitihani wenu mara sita, atujulishe umemaliza lini. Mara zote sita alitujibu kwa mkono wake: 'Huyu bado ni mwanafunzi wangu. Matokeo hayajatoka.'"