Pamba ya Masikio

Dobi wa siku, mwanamke aliyefulia watu siku zao zilizoingia doa, alikuwa ameshaitumbukiza Jumanne ya wifi yake ndani ya beseni. Ilikuwa nyeupe yote kama shuka, isipokuwa doa moja kwenye upindo. Doa hilo lilikuwa jioni aliyofariki kaka yake wifi, mume wa dobi mwenyewe.

"Nifulie, wifi yangu. Usingizi umenihama."

"Kaa basi. Usinisimamie kama askari."

Dobi alisema hivyo bila kucheka wala kukasirika. Tangu mazishi alikuwa kama gogo. Kila alfajiri alisali. Midomo ilikwenda, moyo haukuitika.

Akachukua pamba azibe masikio. Ndiyo desturi ya kazi yao: doa likitoka husema ndani ya povu, mara moja tu, na atakayelisikia hubaki nalo yeye.

"Kinachokunyima usingizi ni kifo chake?"

Wifi akaangalia sakafu. "Kifo nimekizoea. Ni neno alilonipa nikuletee. Wewe ulikuwa hapa kazini. Kila nikifika mlangoni kwako, ulimi unakuwa mzito."

"Ni neno baya?"

"Ziba masikio ufue, wifi. Nakuomba."

Dobi akaziba, akapaka sabuni, akasugua. Povu likapanda mpaka kwenye viwiko. Maji yalikuwa baridi, naye hakuyahisi.

Povu lilipoanza kutetemeka, doa likikaribia kusema, mikono yake ikasimama. Akachomoa pamba ya sikio moja, akaiweka ukingoni mwa beseni, akainama.

Kisha akaendelea kusugua.