Chozi Kamili

Wafumaji wa muda hupima kwa chozi, yaani muda wa tone kutoka jichoni hadi kidevuni. Mjini hapakuwa na fundi kama Bi Mize. Mwenye mgonjwa mahututi akiagiza machozi mia ya kuagana naye, alipata mia, halikupungua hata moja.

Bintiye, Tatu, alipopewa talaka, alirudi nyumbani akapiga magoti mbele yake akilia. Bi Mize alimshika uso kwa mikono miwili, asimpanguse. Alilitazama tone likishuka taratibu mpaka kidevuni.

“Kamili, mwanangu,” akanong’ona. “Hili ndilo watakalopimia mafundi wote.”

Tatu, Mungu amsamehe, akaona fahari, akauinua uso ili jingine nalo lishuke sawasawa.