Likizo ya Msiba

Bibi Fusae alikuwa amekufa tangu Jumatano jioni, na sasa alikuwa jikoni anakaanga mayai.

"Marehemu anauliza," alisema, "utakula na figili au bila?"

"Na figili, Bibi," alijibu mjukuu wake Teruaki Namiki, macho kwenye runinga. "Ila simu ikilia usipokee. Nakuomba."

Aliyemuua ni Teruaki mwenyewe, kwa simu, kwa sauti ya mtu aliyekabwa na kilio. Alikuwa karani katika kampuni ya mabomba ya bafuni, chini ya Bwana Kusunoki, mkuu wa idara ambaye hakumpa mtu likizo mpaka pawe na maiti. Kusunoki huyo aliwahi kutangaza mbele ya idara nzima kwamba mwanamume anayecheza gemu ni mtoto mwenye ndevu. Na nyongeza ya gemu ambayo Teruaki aliisubiri kwa miaka ilikuwa inatoka Alhamisi. Basi Bibi akafa, na mazishi yakapangwa Akita, mbali kaskazini, kwenye theluji.

"Mazishi ni ya ukoo tu, Mkuu," Teruaki alisema kwenye simu ile. "Ndivyo alivyousia."

"Akita," alisema Kusunoki. "Mtu akienda huko harudi siku hiyo hiyo."

Leo ilikuwa Ijumaa, na Teruaki alikuwa hajavuka geti la kwanza la nyongeza hiyo.

Mchezo wenyewe aliumaliza zamani, peke yake, akajisifu mpaka wenzake wakahamia ngazini kula chakula cha mchana. "Anayeita msaidizi hajacheza," alikuwa akisema. "Kabebwa mgongoni." Lakini walioitengeneza nyongeza walijua kwamba anayefika huku ni yule aliyeshinda kule, wakaanzia pale alipoishia. Jitu lililokuwa mfalme wa mwisho kule, huku lilikuwa bawabu. Upanga uliokata majoka ulimwasha mbwa wa getini tu, akageuka na kumla mwenye upanga.

Bibi alileta sahani, akasimama nyuma yake.

"Umekufa tena."

"Najifunza, Bibi."

"Mimi nimekufa mara moja tu, tena kwa heshima. Wewe tangu asubuhi unakufa kama inzi. Hivi ulilipa ili upigwe?"

"Ndiyo utamu wake."

"Ungesema mapema. Mwiko ninao."

Mchana alimpita mbwa, akalipita jitu, akafika kwa Mama wa Chumvi, malkia wa nchi ile. Alimpiga mpaka damu yake ikaisha. Mama wa Chumvi akaanguka, kisha akainuka na mabawa mapya na damu tele, akamkanyaga.

"Kumbe huyu naye kafa kama mimi," alisema Bibi.

Hapo simu ikalia. Alikuwa Bi Igarashi wa ofisini.

"Kaka Namiki, pole sana na msiba. Mkuu keshafika?"

"Kafika wapi?"

"Huko kwenu Akita. Kaondoka na treni ya alfajiri, na suti nyeusi na rambirambi zetu. Kasema kijana wake hawezi kuzika peke yake."

Teruaki aliweka simu chini taratibu, kama yai.

"Bibi, Mkuu yuko Akita analitafuta jeneza lako."

"Kwani tuna mtu Akita?"

"Hatuna."

"Basi atazunguka mpaka achoke, arudi."

"Atarudi Jumatatu. Na kibarua changu kitaota nyasi."

Bibi alimtazama, akamwongezea figili.

Maji ukiyavulia nguo huna budi kuyaoga. Kama kazi imekwenda, Teruaki aliwaza, angalau Mama wa Chumvi naye aende. Akameza fahari yake, akabonyeza kile kitufe alichowacheka watu wote kwa kukibonyeza. Akaita msaidizi, mchezaji mwenzake wa mtandaoni.

Alitokea mgeni mwenye kofia ya chura, jina lake kwenye mchezo Chura Mstaarabu. Aliinama kusalimia, akaandika: "Usimpige akicheka. Mngoje amalize."

Teruaki hakungoja. Wakafa wote wawili.

"Haraka hiyo ya nini?" aliandika Chura. "Tunarudia. Bila kulalamika."

Walirudia. Walikufa kwa mabawa, kwa mkia, na mara moja kwa kutumbukia wenyewe shimoni, wakiwa mbali na adui. Bibi alivuta mto akakaa, akaanza kumwonea huruma yule chura. Lakini kila mara Chura alirudi, akainama, akakaa mbele ili mapigo yampate yeye. Hakuwahi kumcheka. Na Mama wa Chumvi alipocheka kwa mara nyingine, Teruaki alingoja. Alingoja mpaka vidole vikamuuma, ndipo akapiga.

Malkia alianguka. Safari hii hakuinuka.

Bibi aligonga meza kwa mwiko. Teruaki alijifuta macho, akaandika: "Umeniokoa, kaka. Jumatatu nafukuzwa kazi, lakini hili hawataninyang'anya."

"Usikate tamaa," aliandika Chura. "Mabosi nao ni watu. Wengine wana mambo yao."

"Wa kwangu hana."

"Pole. Ningekaa tuongee, ila nimekodi kibanda hiki cha kompyuta hapa karibu na stesheni ya Ueno tangu alfajiri, hata treni sikupanda, na suti nyeusi inanibana. Kazini wanajua niko Akita, namzika bibi wa kijana wangu mmoja."